Beti Sitini Nilizozitupa Kalambo

Kwenu nyote mnaopita dukani kwangu Tandika na kuniuliza swali lilelile huku mkipapasa vitenge msivyonunua: ndiyo, diwani ya Kalambo imechapwa. Ndiyo, utenzi wangu haumo. Hapana, hakuna aliyenionea. Nimechoka kusimulia vipande vipande, maana kila mtu anaondoka na kipande chake na kesho yake nasikia kutoka Mbagala kwamba nilitumbukia mtoni. Sikutumbukia. Naandika mara hii moja, someni, kisha nirudishieni karatasi zangu.

Kwa wasiojua, mimi Nuru, muuza vitambaa kama baba na babu yangu, bibi wa wajukuu watatu, nina lakabu. Kwenye kundi letu la malenga, lile la kwenye simu, naitwa Nahodha, na picha yangu ni dele la kahawa. Miaka yote hiyo hakuna aliyeniuliza kama Nahodha ni mume au mke, nami sikuona sababu ya kujieleza. Mwaka jana kundi likaamua kutoa diwani nzima kuhusu maporomoko ya Kalambo, kule Rukwa, mpakani na Zambia, mto unapoangukia bondeni. Kulikuwa na sehemu ya historia, sehemu ya visa vya wenyeji na sehemu ya mashairi. Nikaandika utenzi wa beti sitini. Mwenyekiti akausifu, akasema ndio utakaofungua kitabu. Nilitembea wiki nzima kama nimekanyaga magodoro. Ubeti niliojivunia kuliko yote ulikuwa huu:

Maji yake hunguruma
Na miamba hutetema
Na mimi nilisimama
Nikaloa nguo pia.

Tatizo ni dogo tu. Sikuwa nimefika Kalambo. Maji niliyatoa kwenye picha ya kalenda, na ngurumo niliitoa kwenye tangi la jirani linapojaa.

Basi kundini alikuwapo malenga mmoja wa hukohuko Rukwa, lakabu yake Kakamavu, mwalimu mstaafu, mtu wa maneno makavu. Siku moja asubuhi, mbele ya malenga wote, akanirushia huu:

Nahodha nakuuliza, jibu nataka sikia,
Maporomoko wawaza, au umeyafikia?
Ngazi zinazoteleza, ngapi umezishukia?
Ukweli ukipuuza, diwani takukimbia.

Mnajua desturi yetu. Ukirushiwa ubeti wa swali, unajibu kwa ubeti, kwa vina vilevile. Ukijibu kwa maneno ya kawaida umeshindwa, na ukinyamaza umeshindwa zaidi. Mwenyekiti akanipa mwezi mmoja, la sivyo utenzi unatoka. Ningeweza kudanganya tena, nakiri nilijaribu, lakini idadi ya ngazi haitungiki. Nikamwambia mume wangu nakwenda Rukwa kuona maji. Akaniangalia, akaangalia bomba la uani, akasema nisiende peke yangu.

Tandika hadi Mbezi

Nikampata wifi yangu Rukia, dada wa mume wangu, mtu asiyekataa safari wala mazishi. Alikuja na begi moja la nguo na mawili ya chakula: kachori, mkate wa kumimina, kuku wa kukaanga, na mfuko wa ndimu kumi na mbili.

"Ndimu za nini, wifi?"

"Sumbawanga ile, wifi. Mie siendi mikono mitupu."

Hilo ndilo lililokuwa kichwani mwake tangu nimwambie. Kwake yeye, na kwa nusu ya Dar es Salaam, Sumbawanga ni mji wa wachawi tu, watu wanaotuma radi kama sisi tunavyotuma salamu. Nilimcheka, lakini nakiri sikuzitoa zile ndimu.

Dereva wa bajaji alitupeleka hadi stendi ya Mbezi kwa mbwembwe zote, muziki juu, akipenya kila upenyo. Tulipofika, akiwa anashusha begi, akauliza tunaelekea wapi. Rukia akamtajia. Yule kijana akaliweka begi chini taratibu, akarudi nyuma hatua mbili.

"Ma'mkubwa, Mungu awatangulie. Ila huko mkifika, jina langu msilitaje kabisa."

"Hata hatulijui jina lako," nikamwambia.

"Basi poa. Iwe hivyohivyo."

Mbezi hadi Mbeya

Basi liliondoka saa kumi na mbili asubuhi likiwa na haraka zote za dunia. Likapita Morogoro, likapita mbuga ya Mikumi, ambako Rukia aliona twiga na kumpungia mkono, na kwenye mlima wa Kitonga likasimama kabisa. Juu yetu lori lilikuwa limelala barabarani, limekumbatia kona. Magari ya kupanda hayapandi, ya kushuka hayashuki. Kondakta akasema ni dakika kumi. Nilijua hapo hapo kwamba tutazeekea pale.

Kiti cha tatu, kando yetu, alikaa mama mmoja wa makamo, mnene wa kupendeza, Mama Ester. Alitusalimia vizuri, akauliza tunakwenda wapi.

"Sumbawanga," nikasema.

"Eh! Ndiyo nyumbani kwetu."

Rukia akanifinya paja mpaka leo kuna alama.

Ikapita saa moja. Mama Ester akafungua mfuko wake, akatoa viazi vitamu vya kuchemsha na karanga, akatukaribisha. Rukia akasema ahsante, tumeshiba. Na sisi tukafungua kachori zetu, harufu ikajaa basi zima, tukamkaribisha. Naye akasema ahsante, ameshiba. Kisha, jambo la ajabu, hakuna aliyekula. Adabu haikuruhusu mtu kula mbele ya mwenzake aliyekataa, hivyo tukakaa, sisi na kachori mapajani, yeye na viazi mapajani, tukiangalia makalio ya lori. Ikapita saa ya pili. Tumbo la Rukia likaanza kutoa milio. La Mama Ester likajibu.

Mwisho Mama Ester akashindwa.

"Dada, nikuulize na usikasirike. Hizi kachori, mmezisomea kitu?"

"Kuzisomea?"

"Ninyi watu wa Pwani si mnafuga majini? Mama yangu alinikanya toka utotoni, cha Pwani usile ukiwa safarini."

Rukia alisimama nusu, kichwa kikagonga rafu ya mizigo. "Majini! Sisi? Sie ndio tunawaogopa nyie! Nyie si mnarusha radi?"

Mama Ester akamtazama kwa mshangao wa kweli. "Dada yangu, mimi ningekuwa na radi, ningekaa kwenye foleni hii saa mbili?"

Nilicheka mpaka nikapaliwa na mate yangu. Mbele yetu watu walikuwa wamesikia kila kitu, basi lote likalipuka, kuna mzee alikuwa anajipiga magoti. Tulikula viazi vyake vyote, naye akala kachori saba, na kuku tukamgawana na kiti cha nyuma. Ndimu Rukia alizikamulia kwenye kuku. Lori liliondolewa wakati tunanyonya mifupa, na nasema bila haya kwamba nilisikitika kidogo.

Mbeya tulilala.

Mbeya hadi Sumbawanga

Hapa sina la kusema zaidi ya baridi. Ilikuwa Juni. Jamani, sisi wa Temeke tunaiita baridi ile ya kuzima feni. Kule niliona pumzi yangu mwenyewe ikitoka mdomoni, nikadhani nimeshika moto kwa ndani. Rukia alijifunga kanga tatu, juu ya kanga akavaa koti la mtumba alilolinunua stendi, la mwanajeshi wa nchi nisiyoijua, na juu ya koti akajifunga taulo. Kwa mavazi hayo alishuka Tunduma kutafuta choo. Tunduma mpaka uko katikati ya watu, ukivuka mtaa tu uko kwa wenzetu. Dakika ishirini nzima gari linapiga honi. Akarudi anakimbia, taulo linapepea, akasema choo alichokipata kilikuwa kisafi sana, ila wahudumu wake Kiswahili hakiwakai vizuri.

"Wifi," nikamwambia, "umejisaidia Zambia."

Alilichukulia jambo hilo kama cheo, na mpaka tunafika Sumbawanga kila abiria alikuwa ameshapewa habari.

Mama Ester, ambaye alikuwa bado yuko nasi, alitushusha stendi, akatupeleka kwake, akatupa uji wa ulezi wa moto na blanketi moja moja. Sikuona radi. Niliona wajukuu wake wakigombania kukaa karibu na Rukia kwa sababu ya koti.

Sumbawanga hadi Kapozwa

Asubuhi tukapanda gari dogo hadi Matai, na kutoka Matai pikipiki mbili hadi kijiji cha Kapozwa, vumbi hadi kwenye kope. Nilikuwa nimemtumia Kakamavu ujumbe mmoja tu: Nahodha anakuja, jiandae.

Alijiandaa. Tulipofika tulikuta wanaume sita wamepanga mstari mbele ya nyumba ya matofali, wamevaa makoti. Katikati alisimama Kakamavu mwenyewe, Mwalimu Kapele, mzee mrefu mwembamba, kofia mkononi, na karatasi ya hotuba. Tulishuka. Yule mzee akatuitikia shikamoo zetu haraka haraka, akanyoosha shingo kuangalia barabarani nyuma yetu.

"Karibuni sana, kina mama. Nahodha amebaki nyuma?"

"Hapana," nikasema.

"Anakuja na pikipiki nyingine?"

"Mwalimu, Nahodha ndiye mimi."

Wanaume wote sita wakamgeukia Rukia, pengine kwa sababu ya koti la jeshi. Rukia akanyoosha kidole kwangu. Mzee akaniangalia, akaangalia karatasi yake, akaangalia tena, na nikaona anaivuka mistari mingi kwa macho. Hotuba ile, alinieleza baadaye mkewe, ilianza na maneno "Ndugu yangu, dume mwenzangu wa kalamu." Alipata maneno mawili ya kwanza tu.

"Ndugu yangu," akasema, kisha akakunja karatasi na kunikumbatia kwa mkono mmoja, kama mtu anayekumbatia jiko la moto. Mkewe, Mama Kapele, alikuwa mlangoni ameegemea nguzo, anacheka mpaka machozi yanamtoka. Nilimpenda tangu hapo.

Chumba walichoniandalia kilikuwa na vitanda viwili, kimoja cha Nahodha na kingine cha mwalimu mkuu mstaafu wa jirani, ambaye alihamishwa upesi pamoja na kopo lake la tumbaku. Chakula kilikuwa ugali wa ulezi na migebuka ya Ziwa Tanganyika iliyokaushwa, ikapikwa kwa nyanya. Palikuwa na kuku pia, na walimwita jirani yao Mwislamu aje kumchinja, bila sisi kuomba. Nilikula kwa mikono miwili ya moyo, kama isemavyo tumbo yangu isiyojua Kiswahili.

Tukielekea maporomoko, Mwalimu Kapele alitembea mbele yetu akitoa historia kwa sauti ya darasani. Alituambia kwamba ng'ambo ya mto wataalamu walichimba wakakuta mbao zilizochongwa na watu wa kale, wa kale kweli, kabla ya kabila lolote tunalolitaja leo. Alituambia jinsi Wajerumani na Waingereza walivyougawa mto, nusu huku, nusu kule, na mimi nikajiuliza walitumia mkasi gani kukata maji, maana mimi kitambaa tu kinanishinda kukinyoosha. Alisema mto wenyewe haukuwahi kuulizwa. Nilianza kumwonea wivu. Mtu huyu amezaliwa na sauti ya maporomoko masikioni, nikawaza, na mimi nimekuja na tangi la jirani.

Tukafika kwenye bango, mahali ngazi zinapoanzia. Mwalimu akasimama.

"Mimi nitabaki na mizigo," akasema.

"Mizigo gani?" Rukia akauliza. Tulikuwa na chupa moja ya maji.

"Hiyo hiyo," akasema, akaichukua, akakaa.

Ngazi

Nilihesabu hadi mia mbili, goti la kushoto likaniambia niache. Rukia alihesabu kwa sauti akachanganya na ngazi za kupumzikia. Mama Kapele alishuka kama anakwenda jikoni kwake. Tulipopata pa kukaa akanisogelea.

"Nahodha, nikuambie? Mume wangu hajawahi kupita lile bango. Ana kizunguzungu. Hata kubadilisha taa hapandi stuli, napanda mimi."

"Na mashairi yake ya ukingoni? Yale ya ndege wenye upara wanaotaga kwenye miamba?"

"Hunituma mimi. Nakwenda, naangalia, narudi. Ananihoji kama polisi, halafu anaandika." Akacheka tena. "Macho ni yangu. Vina ni vyake."

Ndugu zangu, mwili mzima ulinisisimka. Nilikuwa naye mkononi! Mtu aliyenidhalilisha mbele ya malenga wote, naye hajafika! Ubeti ukaja wenyewe, vina vyote vipo, mkali kama wembe mpya. Rukia, aliyekuwa anasikiliza, alianza kucheza pale pale kwenye ngazi.

"Mmalize, wifi! Leo leo! Toa simu!"

Nikatoa simu. Nikashuka ngazi chache zilizobaki huku naandika, nikafika kwenye jiwe la kuchungulia, nikainua uso.

Sijui niwaambieje. Mto unakuja taratibu juu ya mwamba, hauna haraka, hauna habari, halafu ardhi inakwisha. Maji yanaondoka. Unayafuata kwa macho na bado yanakwenda, yanapungua, yanakuwa uzi, yanakuwa moshi, na chini bado hayajafika. Wale ndege wakubwa wenye upara walikuwa wanaruka chini yetu, nikawaona migongo. Na ngurumo hakuna. Pale juu palikuwa na upepo, na kutoka chini kabisa ikipanda sauti ndogo, kama watu wanaozungumza nyumba ya tatu. Nikashika nguo zangu. Kavu. Nikashika mtandio. Mkavu.

Niliona aibu, tena aibu ya kweli, ile inayopandisha joto masikioni kwenye baridi ya Juni. Beti sitini, na hakuna hata mmoja ulioyajua maji haya. Halafu, sijui kwa nini, nikaanza kucheka. Nilicheka kwa furaha, kwa sababu kitu kilikuwa kikubwa kuliko uongo wangu, na nilikuwa mbele yake, mimi, na goti langu. Nikaufuta ule ubeti wa wembe. Rukia akapiga kelele kama nimemfuta yeye.

Tulikaa pale, mimi nikiendelea kucheka, na baada ya muda tukasikia sauti juu yetu. "Mia moja na tisa. Mia moja na kumi. Mungu wangu. Mia moja na kumi na moja."

Alikuwa Mwalimu Kapele. Alikuwa anashuka kwa makalio, ngazi moja moja, macho ameyafumba, koti limepanda hadi kwapani.

"Baba nanii!" mkewe akaita. "Umefuata nini?"

"Nimesikia mgeni anacheka," akajibu bila kufumbua. "Mimi nimekaa hapa miaka sabini. Mgeni wa Temeke acheke na maji yangu mimi nimeshika chupa?"

Rukia alipanda akamshika koti kwa nyuma, Mama Kapele akashika miguu, wakamteremsha kama wanavyoshusha kabati. Penye jiwe la kuchungulia alilala kifudifudi. Nami nikalala kando yake, kwa heshima. Akasogea kwa tumbo, kiasi cha shibiri, shibiri nyingine, akafika ukingoni, akafumbua macho.

Aliyafuata maji kwa macho hadi yalipokuwa moshi.

"Mama Kapele," akasema mwishowe, "hukuniambia kwamba yanaondoka hivi."

"Nilikuambia. Ulisema haliingii kwenye mizani."

Pale pale kifudifudi nikaandika jibu langu, na nikamsomea kabla ya kulituma:

Kakamavu naeleza, uongo nilitungia,
Sikufika nikawaza, Temeke nimetulia,
Leo nimejisogeza, shimoni nachungulia,
Utenzi naupunguza, ubeti umebakia.

"Ukituma huo," akasema, "utenzi wako unatoka. Mwenyekiti hana mchezo."

"Najua."

"Beti sitini, Nahodha."

"Najua, Mwalimu. Nilizihesabu mwenyewe."

Nikabonyeza. Simu ikanikaribisha Zambia na kuniambia nisubiri, kwa hiyo ule ubeti uliwafikia malenga baadaye, tuliporudi Matai. Nikawa naiingiza simu mfukoni.

"Usiiweke," akasema Mwalimu Kapele. Macho yake yalikuwa bado kule chini. "Na mimi nina wangu wa kuungama."

"Basi toa simu yako uandike."

"Andika wewe, ndugu yangu," akasema. "Mimi mikono yangu yote miwili imeshika Tanzania."